Faili Lisilo na Mwenyewe

Ukoo ukitafuta mtu wa kumlaumu siku tatu kabla ya maziko, haumkosi. Jumatano ile asubuhi, katika nyumba kubwa ya ukoo pale Old Tafo, Kumasi, aliyepatikana alikuwa Dufie, kwa sababu yeye ndiye aliyekuwa amekaa mbele ya kompyuta, na kompyuta ndiyo iliyokuwa imegoma.

Haikugoma kwa kelele. Iliwaka vizuri tu. Dufie akabofya programu yake ya kupanga kurasa, ile anayotengenezea vitabu vya maziko, kadi za harusi na mabango ya kanisa kwa mwaka wa saba sasa. Badala ya programu kikatokea kisanduku cheupe chenye alama nyekundu ya msalaba, na ndani yake maneno machache yakisema kwamba programu haiwezi kuanza kwa sababu faili fulani halipo kwenye kompyuta hii. Jina la faili lenyewe lilikuwa mchanganyiko wa herufi na tarakimu kama namba ya lori, na mkiani likawa na nukta na herufi tatu. Chini kabisa palikuwa na kitufe kimoja kilichoandikwa Sawa. Dufie akakibofya, ingawa hapakuwa na kitu chochote kilichokuwa sawa.

Akajaribu programu ya picha. Kisanduku kilekile, faili lilelile. Akajaribu ile ya kutengenezea mabango. Vivyo hivyo. Mchezo wa karata peke yake ndio uliokubali kufunguka, tena haraka kuliko kawaida, kana kwamba ulifurahi kuachiwa nyumba.

Jumamosi alikuwa anazikwa Opanin Kyeremeh, karani mstaafu wa mizani ya kakao, mjomba wa Boadu mume wa Dufie, na mjenzi wa nyumba hiyo ya vyumba kumi na sita. Vitabu mia sita vilitakiwa viwe mezani Ijumaa saa sita mchana: picha ya marehemu, maisha yake, nyimbo, salamu za rambirambi, na orodha ya waombolezaji wakuu, ambayo ndiyo watu huifungua kwanza kuona nani yupo na nani kasahauliwa. Chumba cha mbele kinachotazama barabara, alichokigeuza Dufie kuwa duka lake, alipewa na marehemu kwa mdomo, na mdomo huo sasa ulikuwa kwenye jokofu la hospitali. Nana Safo, mkuu wa ukoo, alikuwa amelisema jambo hilo mbele ya kamati nzima bila kumung'unya maneno.

"Kitabu kikitoka Ijumaa saa sita, mke wetu, kaa na chumba chako," alisema. "Kisipotoka, Jumatatu tunaingiza humo viti vyetu vya plastiki."

Ukoo ulikuwa umenunua viti mia nne vya kukodisha. Boadu, ambaye ni mwalimu wa hesabu na anajua viti mia nne vinachukua nafasi gani, alikuwa amekaa palepale akitazama sakafu.

---

Mkosaji hakujificha. Aliingia dukani na kikombe chake cha chai, akauliza kama mashine sasa haikimbii vizuri zaidi.

Huyu alikuwa Wofa Ntiamoah, yaani Mjomba Ntiamoah, mdogo wa marehemu na katibu wa kamati ya maziko. Alikuwa amefanya kazi miaka thelathini na moja katika ofisi moja ya serikali kule Accra, na kazi yake ilikuwa kusaka wafanyakazi hewa. Alikuwa akienda wilayani na orodha ya mishahara, anaita jina moja moja, na kila jina analiuliza swali lilelile: huyu ni wa nani, yuko chini ya nani, anafanya nini. Likikosa wa kulijibia, anapiga mstari. Alistaafu miaka sita iliyopita, lakini kalamu haikustaafu.

Jumanne alitaka kuweka kwenye kompyuta ya Dufie video ya mkutano wa wiki moja ya msiba, saa nne nzima za watu wakikaa na kusimama. Kompyuta ikasema imejaa. Dufie alikuwa ameenda kununua karatasi. Basi Wofa akavaa miwani, akaingia ndani ya mashine kama alivyokuwa akiingia wilayani, akakuta folda limesheheni majina asiyoyajua. Akayabofya moja moja. Faili lililofungua barua, akaliacha. Lililofungua picha, akaliacha. Yaliyobofywa yasifungue kitu, yale yenye herufi tatu mkiani, akayauliza swali lake. Hayakujibu.

"Mia mbili na kumi na nne," alisema, akaonyesha daftari. "Yote hewa. Yamekula nafasi ya mashine yako miaka saba, mke wetu, hakuna hata moja linaloweza kuonyesha kazi yake. Kompyuta yenyewe iliniuliza kila mara kama nina hakika. Nikaijibu nina hakika."

Dufie akauliza kwa sauti ndogo kama labda yapo bado kwenye pipa la taka la kompyuta. Wofa akacheka. Pipa alilimwaga kwanza. Pale ofisini aliwahi kuwafuta watu mia, wakarudi kwa mlango wa nyuma, na yeye si mtu wa kufanywa mjinga mara mbili.

Ikumbukwe kwamba Jumanne hiyohiyo jioni, kwa daftari hilohilo, kamati ilipitia orodha ya waombolezaji. Wofa alisoma jina moja moja. Mke: Madam Gladys, wa ndoa ya kanisani, aliyeko London mwaka wa kumi na tisa na anayetua Ijumaa. Sawa. Watoto, sawa. Wajukuu, sawa. Likaja jina la Maame Frema.

Maame Frema alikuwa ameishi na Opanin Kyeremeh miaka kumi na minane katika nyumba hiyo. Vinywaji vya posa havikupelekwa kwao kamwe, maana ndoa ya kanisani ilikuwa imemfunga mzee, na kila mtu alilijua hilo na kunyamaza, kwa sababu Frema alikuwa anapika. Wofa akauliza: huyu ni wa nani? Si wa ukoo. Si mke. Si mfanyakazi, maana hakuwahi kulipwa. Wakatazamana. Hakuna aliyesema ni wake. Wofa akapiga mstari, na Frema akaombwa kwa upole mkubwa aende kwao Effiduase mpaka msiba upite, ili Madam Gladys asikwazike. Akaondoka na begi moja. Dufie alimsaidia kulibeba mpaka barabarani, na yeye pia hakusema kitu.

---

Boadu alijitahidi. Mchana wa Jumatano alikwenda kwenye chumba cha kompyuta cha shule yake, akalisaka lile faili kwa jina, akalikuta, akalileta kwenye flashi akiwa amelishika mfukoni kwa mkono. Akalipachika mahali pake. Wakabofya. Kisanduku kikarudi, safari hii hakisemi halipo, kinasema kosa, kikaweka tarakimu nyingi za sifuri na herufi mbili tatu.

"Mbona jina ni lilelile?" Boadu aliuliza.

Jina lilikuwa lilelile kweli. Lakini kompyuta za shule zilikuwa za msaada, za kizazi cha zamani, na faili lao lilikuwa la kizazi hicho. Hapa Kumasi kila mwanamume aliyezaliwa Jumatano ni Kwaku, na bado huwezi kumchukua Kwaku yeyote barabarani ukamkalisha kwenye kiti cha baba mwenye nyumba. Boadu angepaswa kulijua hilo.

Wofa Ntiamoah akasema vijana hawajui kutafuta. Akavuta kiti, akaandika jina la faili kwenye mtandao, akapata ukurasa wenye kitufe kikubwa cha kijani kinachosema Pakua Bure. Dufie akamwomba asikiguse. Wofa akakumbusha kwamba neno lenyewe ni bure.

Kwa bahati mbaya, dakika hiyo ndipo Nana Safo alipoingia na wazee wawili kuja kuona picha ya jalada. Kompyuta ikapiga muziki kwa sauti ya juu, na skrini yote ikajaa msichana aliyevaa nguo za ndani akimpongeza Nana kwa kushinda simu. Dufie akambofya aondoke. Wakaja wawili.

Nana akamtazama yule msichana kwa muda ambao wazee wenzake waliuhesabu.

"Huyu naye ni wa nani?" aliuliza.

Wofa akavua miwani. Dufie akachomoa waya ukutani, msichana akazimika pamoja na muziki wake. Nana akamgeukia Boadu, si Dufie, kwa sababu mambo mazito huambiwa mwenye mke.

"Boadu. Mkeo anafanya biashara gani hasa humu ndani?"

Boadu alisema ni vitabu tu, Nana, vitabu vya maziko. Aliyasema kwa sauti ya mwanafunzi aliyekamatwa na karatasi ya majibu, na mzee mmoja akaguna. Walipotoka, Dufie alikaa kwenye kiti chake na kulia kidogo, kisha akajipangusa uso kwa jalada la kitabu lililoharibika. Hasira yake ilikuwa kwa mumewe zaidi kuliko kwa Wofa.

---

Alhamisi asubuhi akaja Seidu, fundi kompyuta wa Asawase, mtu mwembamba mwenye kofia ya kufuma na begi la mgongoni. Alipowasha, hapakuwa na umeme. Majirani walikuwa nao. Nyumba ya ukoo ndiyo iliyokuwa imekatika.

Ikaanza kutafutwa kadi ya luku, ile ya kununulia umeme. Chumba cha kwanza wakasema hununua wa chumba cha pili. Cha pili wakasema ni kamati. Kamati ikasema ni marehemu mwenyewe, Mungu amrehemu. Iliwachukua nusu saa watu wazima kumi na wawili kugundua kwamba kwa miaka mingi aliyekuwa akitia umeme katika nyumba nzima ni Maame Frema, kwamba kadi ameondoka nayo kwenye mkoba, na kwamba hakuna hata mmoja aliyewahi kujiuliza. Boadu akaomba waya kwa jirani fundi seremala, akauvuta juu ya ukuta, na kwa hilo Dufie akamsamehe nusu.

Seidu akabofya programu. Kisanduku kikaja. Akafanya jambo ambalo hakuna mtu katika nyumba ile aliyekuwa amelifanya tangu jana. Akakisoma mpaka mwisho, akitembeza kidole, pamoja na mstari wa chini unaoshauri kusakinisha upya.

"Madam, hii imeshasema kila kitu," alisema. "Imetaja kinachokosekana na imetaja dawa."

Wofa Ntiamoah alikuwa amesimama mlangoni na daftari lake. Alitaka kujua ni kwa vipi faili moja lisilofungua chochote linaweza kusimamisha programu tatu. Seidu akatazama nje uani, akaona kinu kikubwa cha kutwangia fufu, chakula chao cha mihogo, chini ya paa la jiko.

"Mzee, kile kinu ni cha nani?"

Wofa akafikiri. Akasema ni cha nyumba.

"Wanatwanga wangapi?"

"Vyumba vyote."

"Sasa chukua orodha yako, pita mlango kwa mlango, uliza nani ana kinu. Kila mmoja atakwambia si changu. Ukikitupa, mchana hakuna anayelalamika. Ikifika saa ya chakula, vyumba kumi na sita vyote vimelala njaa, na kila mmoja anadhani tatizo liko kwenye mihogo yake." Seidu aliendelea kubofya huku anasema. "Haya mafaili ya herufi tatu ndiyo vinu. Programu haiji na kinu chake, inakuta kipo, inaazima, inatumia, inarudisha. Lenyewe ukilibofya halifanyi kitu. Kinu nacho ukikitazama tu hakikupi fufu."

Akaondoa kwanza lile la shule, akaondoa takataka zilizoingia na yule msichana. Akaeleza kwamba faili la namna hiyo haliokotwi barabarani kwa sababu tu jina limefanana. Linarudishwa na waliolitengeneza, pamoja na ndugu zake wote, kwa furushi lake. Akalipakua furushi kutoka kwa wenyewe, akalisakinisha, akazima, akawasha. Programu ya kurasa ikafunguka. Ya picha ikafunguka. Ile ya mabango ikakohoa kidogo, akaitengeneza, nayo ikafunguka. Haikufika dakika arobaini.

"Kwa hiyo hewa walikuwa wangapi?" Wofa aliuliza.

"Hakuna hata mmoja, Mzee."

"Katika mia mbili na kumi na nne?"

"Hakuna."

"Sasa mtu atajuaje lipi lina kazi na lipi halina?"

"Hajui," Seidu akasema. "Ndiyo maana haligusi."

Wofa Ntiamoah akalifunga daftari, akalitia kwapani. Inawezekana alikuwa anawafikiria wale wa wilayani, wale mia waliorudi kwa mlango wa nyuma. Alisema tu kwamba malipo ya fundi hayamo kwenye makadirio ya kamati, ambayo yalikuwa na makreti sitini ya vinywaji, kwa hiyo Dufie akamlipa Seidu kwa fedha yake.

---

Programu ilikuwa imepona. Kitabu hakikupona. Maisha ya marehemu yalikuwa yameandikwa na Madam Gladys na kutumwa kwa simu kutoka London, pamoja na picha ya mwanamume mwenye masharubu na suruali pana. Mwanamume huyo alipenda kucheza dansi, alipenda soseji, na kila Jumamosi alicheza mpira na marafiki zake.

Nana Safo aliyasoma mara mbili.

"Huyu simjui," alisema. "Kyeremeh alikatwa mguu na kisukari. Mpira upi?"

Madam Gladys hakuwa amesema uongo. Alimwandika mwanamume aliyemwacha uwanja wa ndege miaka kumi na tisa iliyopita, na huyo hakuwa na habari za yule aliyekufa. Nana akataka picha ya kweli, tarehe ya kuzaliwa ya kweli, na wimbo ambao marehemu aliomba aimbiwe. Dufie akapita chumba kwa chumba akiuliza. Kila chumba kikamjibu kwa maneno matatu: muulize Frema tu. Wengine walisema bila hata kuona haya.

Alasiri hiyo Dufie akamkuta Frema huko Effiduase, uani kwa dada yake, ameweka sinia la karanga mapajani anamenya. Alikuwa amefunga kitambaa cheusi kichwani. Hakushangaa kumwona. Alimletea maji kwanza, kama ilivyo desturi, akasubiri anywe, ndipo akauliza amekuja na habari gani.

Dufie akamweleza. Alipofika kwenye msichana wa nguo za ndani na Nana Safo, Frema alicheka mpaka karanga zikamwagika, na Dufie akacheka naye.

Picha ilikuwa kwenye Biblia. Opanin Kyeremeh amekaa barazani, mguu mmoja, kitambaa begani, anamtazama aliyekuwa anampiga picha kwa uso ambao Dufie hakuwahi kumwona nao mbele ya ndugu zake. Frema akampa na cheti cha ubatizo chenye tarehe. Namba ya wimbo akaitaja kwa kichwa. Kisha akafungua mkoba akatoa kadi ya luku.

"Nilisahau kuiacha. Mko gizani?"

"Tuko gizani."

"Nana Safo usimwache gizani, macho yake mabaya." Akarudi kwenye karanga zake. Akauliza, bila kuinua uso, "Majina umeshayapanga?"

"Nimeyapanga."

"Wote wapo?"

Dufie alitamani ardhi immeze. "Wote niliotajiwa, Maame."

"Basi sawa," Frema alisema.

Alilisema bila uchungu wowote, na hilo ndilo lililomuumiza Dufie. Siku mbili hizi alikuwa ameliona neno hilo chini ya kila kisanduku.

---

Ijumaa saa mbili asubuhi kitabu kilikuwa kimekamilika kwenye skrini. Umeme ulikuwepo. Dufie alifungua ukurasa wa waombolezaji wakuu, na chini ya mstari wa Madam Gladys, mke, akaandika mstari mwingine: Maame Akosua Frema, mwenzi wake wa miaka kumi na minane.

Boadu alikuwa amesimama nyuma yake akisubiri kuingiza karatasi. Akausoma.

"Dufie. Chumba."

"Nakiona chumba."

"Nana atasema umemvunjia heshima. Ni mahali pako pa kazi hapa. Utaenda wapi na hizi mashine?"

"Sijui," Dufie alisema. "Nilimbebea begi, Boadu. Wewe ulikuwa wapi?"

Boadu alikuwa chumbani, anasahihisha daftari za wanafunzi ambazo hazikuwa na haraka yoyote. Sasa alichukua bunda la karatasi, akalipigapiga mezani likae sawasawa, akalitia kwenye mashine ya kuchapia.

Lakini hapakuwa na kitabu kinachochapwa bila katibu kutia sahihi. Saa mbili na dakika arobaini Wofa Ntiamoah akaja, akavaa miwani, akaanza kutembeza kalamu kwenye skrini jina kwa jina. Alifika kwa Madam Gladys, akapita. Kalamu ikasimama.

"Huyu ni wa nani?"

Dufie alikuwa amejiandaa kwa maneno mengi ya haki na utu. Yote yalimkimbia. Akasema lililokuja.

"Hilo usiliguse, Wofa. Nilijaribu kulitoa asubuhi. Kitabu kizima kikakataa kufunguka."

Kalamu ikarudi nyuma kidogo. "Kikakataa vipi?"

"Kile kisanduku."

"Cha msalaba mwekundu?"

"Hichohicho. Limeshikana na picha, limeshikana na tarehe, limeshikana na wimbo. Vyote vilitoka mahali pamoja."

Boadu, mwalimu wa hesabu, mtu asiyejua kusema uongo hata kwa mkaguzi wa shule, akakohoa. "Hata mimi niliona, Wofa," alisema. "Sifuri nyingi."

Wofa Ntiamoah akatazama saa ya ukutani. Akatazama jina. Alilitazama muda mrefu kuliko lilivyohitaji kusomwa, na kama aliamini au hakuamini, Dufie hakupata kujua, maana alivua miwani na kuifuta kwa kitambaa.

"Na nani alikutuma ujaribu kulitoa?" alisema kwa ukali. "Si fundi alisema kitu usichokijua hukigusi? Chapa."

Akatia sahihi.

Vitabu vilifika kwa Nana Safo saa tano na dakika hamsini na mbili, vikiwa bado na joto la mashine. Nana alitazama jalada, akatazama saa, akasema mambo ya chumba yatazungumzwa Jumatatu. Hakufungua ndani.

---

Jumamosi maturubai yalifunga barabara yote. Watu walivaa nyeusi na nyekundu, vipaza sauti vilikuwa vinne, na viti vya plastiki mia nne vilijaa. Maame Frema alikuja asubuhi na mapema, akapita mlango wa nyuma. Hapakuwa na aliyemkaribisha wala aliyemfukuza. Jikoni sufuria kubwa zilikuwa hazijulikani zilipo, akazionyesha. Kisha akakaa kwenye kigogo kando ya kinu na wapishi, kwa sababu hapakuwa na kiti chake.

Msomaji alishika kipaza sauti akasoma kitabu kama kilivyo, maana kilichochapwa kwenye kitabu cha maziko husomwa chote. Akasoma tarehe, watu wakaitika. Akasoma habari za mizani ya kakao, wazee wakatikisa vichwa. Akasoma waombolezaji wakuu. Madam Gladys akajiweka vizuri kitini. Halafu kwa vipaza sauti vyote vinne, mtaa mzima wa Old Tafo ukasikia jina la Maame Akosua Frema na miaka yake kumi na minane.

Jikoni mchi ulisimama. Chini ya maturubai kurasa zilifunguliwa kwa wakati mmoja. Madam Gladys aliusoma mstari ule, akafunga kitabu, akafungua tena, akaanza kujipepea nacho. Wanawake wa mtaani, waliokuwa wamenunua nyanya pamoja na Frema miaka yote hiyo, walisema "eeh" moja ndefu ambayo kamati yoyote isingeweza kuifuta.

Nana Safo alimwinamia Wofa Ntiamoah. Uso wake ulikuwa umekaza.

"Nani ameweka jina hili? Ni yule wa chumba cha mbele?"

Dufie alikuwa safu ya tatu, na alisikia kila neno. Boadu akamshika mkono mbele za watu, jambo ambalo hakuwa na kawaida nalo.

Wofa Ntiamoah hakuharakisha. Alikunja kitambaa chake begani, akamsogelea mkuu wa ukoo sikioni, akasema kwa sauti ya mtu aliyesomea jambo hilo:

"Nana, hilo ni faili la pamoja. Halina mwenyewe. Ukilitoa, nyumba nzima haiwaki. Na chumba cha mbele nacho tusikiguse, viko pamoja."

Nana Safo hakuwahi kugusa kompyuta maishani. Alitazama taa za maturubai, akavitazama vipaza sauti, akatazama kule jikoni ambako chakula cha watu mia nne kilikuwa hakijaiva. Kisha akaitikia kwa kichwa polepole, kama mtu anayekumbushwa jambo alilolijua zamani, akamwita kijana wa viti amtolee Frema kimoja.